Ukimya wa Ofisi Mbele ya Jaji: Malalamiko ya Uchafuzi Unyamwezini na Amri ya Kumshurutisha Mtumishi wa Umma

Kuanzia Mei mpaka Oktoba mito mingi ya mkoa wa Tabora, nchi ya Wanyamwezi, haitiririki. Manonga upande wa Igunga na Nzega, Igombe kaskazini ya mji, Wala upande wa kusini: maji hukatika, yakabaki madimbwi ambayo watu, ng'ombe na bustani za mboga huyagombania. Hali hii ni ya zamani. Misafara iliyotoka Bagamoyo ikapita Mpwapwa na Ugogo, ikavuka pori la Mgunda Mkali mpaka Unyanyembe na kuendelea Ujiji, ilipanga mwendo wake kwa kufuata maji. Wapelelezi Waingereza Burton na Speke walipoingia Kazeh, mahali ilipo Tabora leo, mwezi Novemba 1857, walifika kwa njia ambayo wapagazi na wafanyabiashara walikwisha kuizoea, wakijua kituo kipi kina maji na kipi hakina.

Nalitanguliza hili kwa kuwa linaamua maana ya neno kuchelewa katika eneo ninaloliandikia. Uchafu ukiingia kwenye dimbwi la kiangazi hauna pa kwenda. Unakaa hapo na watu mpaka mvua za Novemba, na mvua zikifika unasombwa kwenda mabwawani na mabondeni. Mtumishi wa umma anayepokea lalamiko mwezi Juni, akaja kulijibu Desemba, hajalijibu kabisa, kwa sababu madhara yamekwisha kutokea na ushahidi umekwisha kuondoka.

Hoja ya makala haya ni kwamba sheria ya Tanzania inazo nyenzo za kutosha za kumfikisha mtumishi wa namna hiyo mbele ya jaji, ila nyenzo hizo zinasomwa kana kwamba ofisi iliyonyamaza haijafanya jambo lolote. Naamini ukimya wa ofisi ya umma juu ya lalamiko la uchafuzi, ukipita muda wa kiasi, ni uamuzi wa kukataa, na mahakama iuhesabu hivyo. Mahakama ikishauhesabu hivyo, amri itakayotoka nayo iwe na tarehe ndani yake.

Tuchukue mfano wa kijiji kimoja cha Nzega ambacho nimekibuni, ingawa shughuli zake si za kubuni. Nzega ndiko ulikoanzia uchimbaji mkubwa wa kisasa wa dhahabu nchini, mgodi wa Golden Pride pale Lusu ulipoanza uzalishaji mwishoni mwa miaka ya 1990. Mgodi ule umekwisha kufungwa. Wachimbaji wadogo walikuwepo kabla yake, na bado wapo. Mawe husagwa kwenye karasha, unga huoshwa kwenye mialo, dhahabu hukamatishwa kwa zebaki, kisha zebaki huchomwa. Marudio, yaani unga uliokwisha kuoshwa, huuzwa kwa wenye mitambo ya uchenjuaji, ambao huyaloweka kwenye matangi ya sayanaidi ili kupata dhahabu iliyobaki. Marudio hayo yana mabaki ya zebaki, na zebaki ikikutana na sayanaidi husafiri kwa urahisi zaidi ndani ya maji. Tanzania iliridhia Mkataba wa Minamata kuhusu zebaki mwaka 2020, lakini mkataba haujazuia tope la mwalo kushuka bondeni.

Mlalamikaji wa kijiji hicho anapeleka barua yake wapi? Anaanza kwa mtendaji wa kijiji, naye humpeleka kwa mtendaji wa kata. Halmashauri ina afisa mazingira. Leseni ya mchimbaji iko kwa Afisa Madini Mkazi, chini ya Tume ya Madini. Kemikali ziko chini ya Mkemia Mkuu wa Serikali. Usimamizi wa mazingira kwa jumla umekabidhiwa NEMC, chombo cha taifa cha mazingira. Maji nayo yana bodi ya bonde, na hapa jiografia ya Unyamwezi inaleta ugumu wake: Manonga humwaga kwenye mbuga za Wembere, kwa hiyo lalamiko la Manonga ni la Bodi ya Bonde la Kati iliyoko Singida, na Igombe huelekea Malagarasi, kwa hiyo lalamiko la Igombe ni la Bodi ya Bonde la Ziwa Tanganyika iliyoko Kigoma. Vijiji viwili vya wilaya moja vinaweza kulazimika kulalamika kwenye miji miwili iliyo pande tofauti za dira.

Kila ofisi kati ya hizo ina sababu ya kweli ya kungojea nyingine. Afisa mazingira anasubiri matokeo ya maabara. Maabara inasubiri sampuli. Anayepaswa kuchukua sampuli anasubiri gari na posho. Hakuna hata mmoja aliyekataa. Barua ya mlalamikaji imegongwa muhuri wa kupokelewa masjala, imepewa kumbukumbu namba, imeingizwa kwenye jalada, na dokezo limeandikwa kwamba suala lishughulikiwe. Akifuatilia huambiwa avute subira, faili liko kwa mkubwa. Kisheria, tuna uamuzi gani hapa wa kupeleka mahakamani?

Swali hilo lina jibu la zamani lililotokea Bukoba. Katika shauri la John Mwombeki Byombalirwa dhidi ya Mkuu wa Mkoa na Kamanda wa Polisi wa Mkoa, lililoripotiwa katika juzuu ya hukumu za Tanzania ya mwaka 1986, Jaji James Mwalusanya alipanga masharti ya kutoa amri ya mandamus, yaani amri ya Mahakama Kuu ya kumshurutisha mtumishi wa umma atimize wajibu wake. Mwombaji alikuwa mfanyabiashara aliyetaka kurejeshewa mali iliyoshikiliwa na vyombo vya dola. Mahakama ilisema mwombaji awe amedai wajibu utimizwe na mtumishi akakataa. Wajibu wenyewe uwe wa umma, umewekwa na sheria, na uwe wa lazima badala ya kuachiwa hiari ya mtumishi. Mwombaji awe na maslahi ya kutosha katika jambo hilo. Na pasiwe na njia nyingine ya kufaa ya kupata nafuu. Masharti hayo yamerudiwa tangu hapo katika maamuzi mengi, na wakili wa Serikali anayekuja kujibu maombi ya mandamus huyataja moja baada ya jingine.

Yaliwekwa kwa ajili ya mali iliyokamatwa. Mtu anayezuia mali yako amekataa kwa matendo, hata akinyamaza, kwa sababu kila siku mali iko mkononi mwake. Lalamiko la uchafuzi halina sura hiyo. Hapa mtumishi hajashika kitu. Anachokishikilia ni muda. Sharti la kukataa likisomwa kwa ukali, afisa mwenye adabu asiyesema hapana atakuwa salama kuliko afisa mkorofi aliyejibu kwa barua ya kukataa. Sheria inayomlinda anayenyamaza kuliko anayejibu inawafundisha watumishi wote kunyamaza.

Ndugu zetu wa Kenya wamekwisha kulimaliza tatizo hili katika maandishi ya sheria. Ibara ya 47 ya Katiba yao ya 2010 inampa kila mtu haki ya kutendewa na vyombo vya utawala kwa haraka, kwa ufanisi na kwa haki. Sheria ya mwaka 2015 iliyotungwa kutekeleza ibara hiyo inakuhesabu kutotenda kuwa kitendo cha kiutawala, na inaitaja miongoni mwa sababu za mapitio ya mahakama hali ya kuchelewa kupita kiasi au kushindwa kutimiza wajibu uliowekwa na sheria. Afrika Kusini ilifanya hivyo mwaka 2000. Ufaransa, kwa sheria ya Aprili 2000, iliweka kwamba ofisi ikikaa kimya miezi miwili juu ya ombi, imekataa, na mwananchi anaweza kwenda mahakamani siku ya pili yake. Baadaye, kwa maombi mengi, wakageuza kabisa na kusema aliyenyamaza amekubali.

Sisi hatuna sheria ya namna hiyo, lakini mahakama zetu hazihitaji kungoja Bunge. Kanuni za mapitio ya mahakama za mwaka 2014, Tangazo la Serikali Namba 324, zinataka ombi la kibali cha kuanzisha mapitio liletwe ndani ya miezi sita tangu mwenendo, kitendo au kutotenda kunakolalamikiwa. Kutotenda kumetajwa humo waziwazi. Kanuni haiwezi kuhesabu muda wa kupinga kutotenda kama kutotenda si jambo la kupingwa. Na Katiba yetu, katika ibara ya 107A, inaitaka mahakama isicheleweshe haki bila sababu ya msingi, wala isifungwe kupita kiasi na masharti ya kiufundi yanayoweza kukwamisha haki kutendeka. Jaji anayekitafsiri kimya cha miezi kadhaa kuwa kukataa amekaa ndani ya ibara hiyo.

Muda huo wa miezi sita una mtego wake, na nitaueleza kwa sababu unawanasa waombaji wengi. Kutotenda kunaanza lini? Wakili wa Serikali atasema kulianza siku lalamiko la kwanza lilipopokelewa, na kama mwananchi alivuta subira alivyoambiwa, muda umempita. Mwombaji atasema kutotenda kunaendelea kila siku. Naona hoja ya pili ndiyo yenye nguvu, lakini simshauri mtu yeyote aiweke kesi yake juu ya hoja hiyo peke yake. Njia ya salama ni barua ya mwisho ya madai. Iandikwe kwa Kiswahili, ambacho tangu marekebisho ya sheria ya 2021 ndicho lugha ya sheria na ya mahakama. Itaje wajibu unaodaiwa na sheria inayouweka. Itoe siku za kutimiza, na iseme kwamba zikipita bila jibu, mlalamikaji atahesabu kwamba amekataliwa. Nakala yenye muhuri wa masjala ibaki mkononi mwake. Barua hiyo inafanya kazi mbili: inatimiza sharti la Byombalirwa la kudai na kukataliwa, na inaupa muda wa miezi sita tarehe ya kuanzia. Muhuri ule, wenye tarehe na saini ya karani, ndio kielelezo cha kwanza katika kiapo.

Sharti gumu zaidi ni lile la wajibu usio wa hiari. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira, Namba 20 ya 2004, inavipa vyombo mamlaka ya kutoa amri za kulinda na kurejesha mazingira, lakini mengi ya mamlaka hayo yameandikwa kwa lugha ya chombo kuweza kutoa amri, siyo kulazimika. Hapo wakili wa Serikali husimama kwa uhakika: mahakama haiwezi kumlazimisha mtumishi atumie hiari yake kwa namna fulani. Ni kweli, haiwezi. Ila kuna hiari ya kuchagua hatua, na kuna wajibu wa kulisikiliza lalamiko na kulitolea uamuzi. Afisa anaweza kuchagua kama afungie mtambo, atoze faini, au aagize kingo za bwawa la tope zijengwe upya. Hana hiari ya kutofika kuangalia. Mwaka 1968 mahakama ya juu ya Uingereza, katika shauri la Padfield, ilikutana na waziri wa kilimo aliyekataa kuyapeleka malalamiko ya wazalishaji wa maziwa kwenye kamati ya uchunguzi, akitegemea hiari aliyopewa na sheria. Alitakiwa ayazingatie malalamiko yale kwa kufuata sheria, kwa kuwa hiari hutolewa kwa ajili ya lengo la sheria na haiwezi kutumiwa kulizima. Hukumu hiyo haizifungi mahakama zetu, lakini mantiki yake inakubalika na inafaa Nzega kama ilivyofaa kwa wafugaji wale.

Kwa hiyo mwombaji asiombe mahakama imwamuru afisa afunge mtambo. Aombe imwamuru afike, achukue sampuli, aamue, na aandike sababu za uamuzi wake, ndani ya siku zilizotajwa. Nafuu hiyo inaonekana ndogo kuliko hasira ya kijiji, na mawakili vijana hushawishika kuomba zaidi. Ni kosa la mkakati. Uamuzi ulioandikwa, hata ukiwa mbaya, una sababu zinazoweza kupimwa, na ukiwa wa kijinga unaweza kutenguliwa.

Nje ya mandamus ipo njia ya pili. Kifungu cha 4 cha Sheria ya Mazingira kinatoa haki ya kuishi katika mazingira safi, salama na yenye kuleta afya. Kifungu cha 5 kinampa mtu yeyote nafasi ya kufungua shauri palipo na tishio kwa afya au mazingira linalotokana na kutenda au kutotenda, na miongoni mwa nafuu anazoweza kuomba ni mtumishi wa umma kutakiwa achukue hatua za kuzuia au kukomesha jambo linalolalamikiwa. Sielewi kwa nini kifungu hiki hutumiwa kwa nadra kiasi hiki. Hakisemi mtumishi awe amekataa. Hakimdai mwombaji aonyeshe kwamba yeye binafsi ameumia. Kimetungwa kwa ajili ya hali tunayoizungumza.

Sehemu ya jibu iko kwenye notisi. Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali inataka notisi ya siku 90 kabla ya shauri la madai, na tangu marekebisho ya mwaka 2020 sharti hilo linagusa halmashauri, wakala na mashirika ya umma, huku Mwanasheria Mkuu wa Serikali akitakiwa kuunganishwa. Asipounganishwa, shauri linaharibika. Siku 90 za notisi iliyotolewa mwanzoni mwa Juni zinakwisha Septemba. Sehemu kubwa ya kiangazi imekwenda. Notisi ilikusudiwa kuipa Serikali nafasi ya kutafakari na kupatana na mdai, lakini katika shauri la uchafuzi inampa mchafuzi ruhusa ya msimu mzima.

Mahakama Kuu imepata njia ya kuliziba pengo hilo. Kwa kutumia kifungu cha 2(3) cha Sheria ya Matumizi ya Sheria, imekuwa ikitoa zuio la muda kwa mtu aliyekwisha kutoa notisi na anayesubiri siku zake ziishe; mawakili huliita zuio la Mareva, kwa jina la shauri la Uingereza la mwaka 1975. Katika migogoro ya ardhi na zabuni limekuwa jambo la kawaida. Mlalamikaji wa uchafuzi analihitaji zaidi ya mwenye zabuni, maana zabuni hulipika kwa fedha na ini la mtoto halilipiki. Hata hivyo, zuio la kawaida humkataza mtu kutenda, wakati tatizo letu ni mtu asiyetenda. Ndiyo maana naona kwamba katika hatua hiyo ya awali ombi la busara ni la ushahidi: mahakama iamuru sampuli za maji na tope zichukuliwe sasa, mbele ya pande zote, zifungwe kwa lakiri na kuhifadhiwa. Sayanaidi huvunjika kwenye jua na hewa. Sampuli isiyochukuliwa mwezi Juni haipo tena Septemba, na ofisi iliyochelewa kuichukua ndiyo itakayosimama baadaye kusema mdai hana ushahidi.

Maombi ya mapitio yenyewe hayaanzi kwa notisi ya siku 90. Yanaanza kwa kibali, na kibali kikitoka maombi yanafunguliwa ndani ya siku 14. Ndiyo maana kwa lalamiko la kiangazi njia ya mandamus, pamoja na ugumu wake wote, mara nyingi ni ya haraka kuliko ya kifungu cha 5. Njia ya tatu, ya shauri la kikatiba kwa kutegemea haki ya kuishi ya ibara ya 14, ilibanwa na marekebisho ya 2020 yaliyomtaka mwombaji aape jinsi yeye binafsi alivyoathirika na kwanza amalize nafuu nyingine zote. Wanaokunywa maji ya dimbwi wasingeshindwa kuapa. Walioshindwa ni taasisi za utetezi ambazo zingewasaidia.

Kuna wanaosema mahakama za Tanzania hazina mazoea ya kuamuru halmashauri katika mambo ya mazingira. Historia inawakanusha, na inafaa kuikumbuka kwa kirefu, kwa sababu ina ushindi na ina onyo.

Mwaka 1988 wakazi wa Tabata, Dar es Salaam, wakiongozwa na Joseph Kessy, waliishtaki Halmashauri ya Jiji kwa sababu ya jalala lililokuwa likiwaka na kunuka katikati ya makazi yao. Ni Shauri la Madai Namba 299 la mwaka huo. Walishinda, na Jiji liliamriwa liache kumwaga taka pale na litafute mahali pasipohatarisha afya za watu. Jiji halikuacha. Lilirudi mahakamani kuomba kuongezewa muda, likaongezewa, na muda ulipokwisha likaomba tena. Mwaka 1991 ombi jingine lilipomfikia Jaji Kahwa Lugakingira, alilikataa kwa maneno ambayo kila mwanafunzi wa sheria ya mazingira nchini ameyasoma: hajapata kusikia mamlaka ya umma, au hata mtu binafsi, akienda mahakamani kwa ujasiri kuomba ruhusa ya kuchafua mazingira na kuhatarisha maisha ya watu. Akaifunga hoja hiyo na ibara ya 14 ya Katiba. Ilikuwa mara ya kwanza kwa haki ya kuishi kusomwa hapa nchini kuwa inagusa hewa tunayoivuta.

Jiji likahamishia taka zake Kunduchi Mtongani, eneo ambalo nalo lilikuwa la makazi. Festo Balegele na wenzake 794 wakaenda Mahakama Kuu, safari hii kwa njia ya mapitio, Shauri Namba 90 la 1991. Jaji Rubama alitoa amri zote tatu: alitengua uamuzi wa kumwaga taka pale, akazuia usiendelee, na kwa mandamus akalitaka Jiji litimize wajibu wake kwa kutenga jalala linalofaa. Kwa mwanasheria ni hukumu ya kufurahisha. Mkazi wa Tabata angeweza kuuliza kwa haki kwa nini ilichukua miaka mitatu na majirani wapya kuathirika kabla ya Jiji kuambiwa tena, safari hii kwa mandamus, litafute jalala.

Jibu langu ni kwamba amri ya 1988 ilikuwa na mwisho lakini haikuwa na hatua. Mahakama ilisema Jiji lifike wapi, haikusema litoe taarifa lini, ya nini na kwa nani. Kila muda ulioongezwa uliongezwa juu ya ahadi, bila kipimo cha kilichofanyika katika muda uliotangulia. Ucheleweshaji uliopelekwa mahakamani ulipata makazi mapya mahakamani.

Mombasa imelipia somo hilo kwa gharama kubwa zaidi. Kiwanda cha kuyeyusha risasi ya betri chakavu kilifanya kazi pembeni mwa kitongoji cha Owino Uhuru kati ya 2007 na 2014, wakazi wakilalamika na vyombo vya Serikali vikijua. Wakiongozwa na mwanaharakati Phyllis Omido walikwenda kwenye Mahakama ya Mazingira na Ardhi, ambayo Julai 2020 iliwapa shilingi za Kenya bilioni 1.3 na kuvitia hatiani vyombo vya umma pamoja na wenye kiwanda, kwa kuwa vilishindwa kusimamia. Juni 2023 Mahakama ya Rufani ikaibatilisha hukumu hiyo. Desemba 2024 Mahakama ya Juu ikairejesha. Ni hukumu inayostahili kusomwa Tabora, kwa kuwa inasema wazi kwamba msimamizi aliyezembea anabeba sehemu ya deni la mchafuzi. Lakini damu ya watoto wa Owino Uhuru ilikuwa imekwisha kupokea risasi muda mrefu kabla ya mahakama kuhesabu fidia. Fidia ni nafuu ya mwisho. Ofisi ingeshurutishwa mwaka wa kwanza wa malalamiko, kiasi kikubwa cha deni hilo kisingekuwepo.

Tukirudi Tabora, kwenye Mahakama Kuu, naomba amri ya namna nyingine, na mfano wake upo. Desemba 2008 Mahakama ya Juu ya Ufilipino iliviamuru vyombo kadhaa vya serikali kuisafisha Ghuba ya Manila, na ikavitaka vilete taarifa ya maendeleo mahakamani kila robo mwaka. Mwaka 2010 nchi hiyo ikaiweka mandamus endelevu katika kanuni zake za mashauri ya mazingira. India ilikuwa imeijenga njia hiyo kwa hukumu za mahakama katika miaka ya 1990. Kiini chake ni kwamba jaji hafungi jalada siku anapotoa amri. Analifunga siku wajibu unapotimizwa.

Kwa kijiji chetu cha mfano amri ingesomeka hivi. Afisa mazingira wa halmashauri, pamoja na mwakilishi wa bodi ya bonde, wafike eneo la malalamiko ndani ya siku 14 na kuchukua sampuli mbele ya mlalamikaji. Matokeo yawekwe mahakamani ndani ya siku 30 baada ya hapo. Uamuzi wa maandishi, wenye sababu, utolewe ndani ya siku 14 tangu matokeo. Mkurugenzi mtendaji wa halmashauri, kwa cheo chake, aape kiapo cha utekelezaji katika kila hatua, na kama hatua haikutekelezwa, kiapo kieleze nani alitakiwa kufanya nini na kilichomzuia. Kifungu hiki cha mwisho ndicho ninachokithamini kuliko vyote. Ofisi zinazongojeana haziwezi kuendelea kungojeana pale mtu mmoja anapotakiwa kuapa na kutaja jina la anayengojewa.

Pingamizi la kweli dhidi ya pendekezo hili ni kwamba jaji si mtawala, na akianza kupanga safari za maafisa atakuwa ameingilia mhimili mwingine. Nalichukua kwa uzito. Halmashauri zetu zina bajeti finyu, na gari moja la idara linaweza kuwa ndilo la chanjo na la mazingira pia. Jaji hajui wapi gari linahitajika zaidi. Ila amri niliyoieleza haimwambii mkurugenzi agawe magari vipi. Inamtaka atimize, ndani ya muda ambao yeye mwenyewe angeweza kuomba ubadilishwe kwa kuleta hesabu zake, wajibu ambao Bunge lilimpa. Bunge ndilo lililoingia ofisini kwake mwaka 2004. Mahakama inakuja kumkumbusha. Na kama hana fedha kabisa, kiapo chake cha kusema hivyo ni waraka wa manufaa makubwa kwa diwani na mbunge wanaopanga bajeti inayofuata.

Kuna faida nyingine ambayo hukumu za Dar es Salaam hazikulazimika kuifikiria. Mkoa wa Tabora una zaidi ya kilomita za mraba 76,000 na watu zaidi ya milioni 3.3 kwa sensa ya 2022. Mlalamikaji wa Kaliua, Sikonge au Igunga anayeitwa mjini kwa kutajwa shauri, akaambiwa limeahirishwa kwa kuwa mjibu maombi hajapata maelekezo, amelipa nauli, amelala gesti na ameacha shamba, na baada ya safari chache za namna hiyo ataacha kwenda. Katika amri ya hatua kwa hatua taarifa inatoka kwa ofisi kwenda mahakamani, na nakala inamfuata mlalamikaji kupitia kwa mtendaji wa kata wake. Anaisoma. Kama inasema kweli, hana haja ya kusafiri. Kama inasema uongo, anaapa kiapo kinzani, na anayelazimika kupanda gari kwenda kujieleza mbele ya jaji ni mkurugenzi.